Kachumbari ya kabichi na siki: tengeneza leo, iliwe kesho

Siku ya wageni, asubuhi yote huishia kwenye samaki na ugali. Hakuna mkono unaobaki wa kukata mboga. Kabichi hii ndiyo suluhisho, maana huandaliwa jana yake, na haipotezi kitu kwa kulala. Siki inahitaji usiku ule ili iingie ndani ya jani.

Vitu: kabichi moja ya kilo moja na nusu, karoti mbili, hoho moja, kitunguu kimoja kikubwa, kijiko kikubwa cha chumvi, kikombe kimoja cha siki nyeupe, nusu kikombe cha sukari, robo kikombe cha mafuta ya kupikia na pilipili manga kidogo. Hapa Kisumu mimi hununua kabichi soko la Kibuye. Chagua iliyofunga vizuri, nzito kuliko inavyoonekana. Ile nyepesi yenye majani yaliyoachana hulegea upesi.

Hatua ya 1. Toa kiini kigumu, kisha kata nyembamba kwa kisu kikali. Usiikwaruze, itakuwa uji. Karoti ndiyo ya kukwaruza.

Hatua ya 2. Hii ndiyo wengi huiruka, na ndiyo inayoamua kila kitu. Changanya kabichi na chumvi, uifinye kidogo kwa mikono safi, uiache kwenye chujio saa nzima. Chumvi huvuta maji yaliyomo ndani ya jani. Usipoyatoa sasa, yatatoka yenyewe usiku na kuizimua siki, na asubuhi utakuta bakuli limejaa maji yasiyo na ladha. Saa ikiisha, kamua konzi kwa konzi. Usiioshe.

Hatua ya 3. Chemsha siki, sukari na mafuta hadi sukari iyeyuke. Fungua dirisha, mvuke wake huwasha macho.

Hatua ya 4. Changanya mboga zote na pilipili manga, mimina siki ikiwa moto, geuza. Ikipoa, funika na uweke kwenye friji. Igeuze tena kabla ya kulala.

MASWALI YA WANACHAMA

Dada, mimi niko Ahero na sina friji. Itafika kesho?
Joto la huku usilijaribu. Itengeneze alfajiri, iliwe mchana huohuo. Kama unaweza kupata barafu, iweke kwenye chombo kinachofunga kabisa na uzungushie barafu usiku.

Naweza kutumia ndimu badala ya siki?
Unaweza, lakini usichemshe maji ya ndimu, harufu yake nzuri hupotea. Yeyusha sukari kwa maji ya moto kidogo, acha ipoe, ndipo ukamulie ndimu. Iliwe siku inayofuata. Ile ya siki ndiyo hukaa kwenye friji siku nne au tano.

Tunapikia matanga Kakamega, watu kama mia. Tuchanganyie kwenye sufuria kubwa?
Poleni sana kwa msiba. Sufuria zetu kubwa nyingi ni za alumini, na siki huila alumini: chakula kinapata ladha ya chuma na sufuria inabadilika rangi. Tumieni ndoo safi za plastiki za chakula, zenye vifuniko, na siki ipoe kwanza kabla ya kumimina. Hata ya kuchemshia iwe ya enameli au chuma kisichoshika kutu. Kabichi moja hutosha watu kumi hadi kumi na wawili ikiwa ni ya kando ya sahani, kwa hiyo nunueni tisa au kumi. Chumvi mtie kwa mafungu, kabichi mbili mbili, la sivyo za chini zitalowa na za juu zibaki kavu.

Nikitaka mayonezi?
Kamua fungu lako wakati wa kupakua, uchanganye papo hapo. Isilale nayo.