Calentado na Wenzake: Namna ya Kupika Kifungua Kinywa Kizito cha Kolombia

Anayetaka kuandaa kifungua kinywa kizito cha Kolombia asubuhi ya Jumamosi hana budi kuanza kazi Ijumaa jioni, kwa kuwa chakula kinachoibeba sahani nzima, yaani calentado, ni kiporo. Jina lenyewe kwa Kihispania lina maana ya kitu kilichopashwa moto, na katika milima ya Antioquia na majimbo jirani yanayolima kahawa, ambako wenyeji huitwa paisa, wali na maharage ya jana hupashwa pamoja mpaka visiweze tena kutenganishwa. Ukipika vyote asubuhi ileile utapata wali na maharage, lakini hutapata calentado: wali uliotoka jikoni sasa hivi bado umejaa unyevu na hugeuka bokoboko ukikorogwa, ilhali punje za wali uliolala zimekauka na kukaza, hivyo huunywa mchuzi wa maharage bila kupondeka.

Kwa watu wanne, loweka gramu 500 za maharage kwa saa 8 au zaidi. Wapaisa hupenda aina iitwayo cargamanto, yenye punje kubwa na madoadoa, ila maharage yoyote makubwa yanayoiva kwa ulaini yanafaa. Mwaga maji ya kulowekea, weka maji mapya, kisha chemsha kwa moto mkali kwa dakika 10 za mwanzo, kwa sababu maharage mabichi yana sumu ambayo moto mdogo peke yake hauiondoi. Baada ya hapo punguza moto na uyaache yaive taratibu kwa saa moja na nusu hadi mbili, pamoja na karoti moja na ndizi mzuzu moja mbichi iliyokatwa vipande vidogo. Ndizi hiyo huyeyukia mchuzini na kuufanya mzito bila unga wowote, nami naiona kuwa ndiyo tofauti kati ya maharage ya Antioquia na maharage mengine yote.

Maharage yakiwa jikoni, tengeneza hogao, kiungo kitakachotumika mara tatu katika mlo huu. Katakata nyanya nne zilizoiva vizuri na vitunguu vya majani sita, pamoja na sehemu yake ya kijani, uvikaange kwa vijiko vitatu vikubwa vya mafuta, punje mbili za kitunguu saumu, chumvi na bizari nyembamba kidogo. Moto uwe mdogo na mpishi asiwe na haraka. Hogao huwa tayari baada ya dakika 15 hadi 20, nyanya zinapokuwa zimepoteza umbo na mafuta yameanza kujitenga pembeni. Theluthi moja itie kwenye maharage yanapokaribia kuiva, na ndipo uyatie chumvi. Inayobaki ihifadhi kwa ajili ya asubuhi.

Wali upike kwa namna yako ya kawaida, vikombe viwili vya mchele, lakini usiuache mezani usiku kucha. Kuna bakteria wa wali ambao mbegu zao huvumilia kuchemshwa na ambao huacha sumu chakula kikikaa kwenye joto la kawaida. Utandaze upoe, kisha uingie kwenye jokofu kabla ya saa mbili kupita, na maharage vilevile.

Asubuhi, anza na arepa, mkate bapa wa mahindi. Unga wake si unga wa ugali, na hapa ndipo wengi hukwama: unga wa arepa hutokana na mahindi yaliyokobolewa, yakapikwa, kisha yakakaushwa na kusagwa, kwa hiyo hushikana mara tu unapokutana na maji. Unga mbichi utapasuka mikononi. Asiyeupata achemshe mahindi makavu yaliyokobolewa mpaka yalainike, ayachuje na kuyasaga yakiwa bado na uvuguvugu, jambo ambalo ndilo lilikuwa desturi kabla ya unga wa pakiti kuwapo. Kwa unga wa pakiti, changanya vikombe viwili na takriban vikombe viwili na robo vya maji ya vuguvugu, kijiko kidogo cha chumvi ukipenda, na kijiko kikubwa cha siagi, uache donge litulie kwa dakika 10. Tengeneza maandazi bapa yenye unene wa sentimita moja na uyaoke kwenye kikaango kikavu kwa dakika sita hivi kila upande, hadi yapate ngozi ngumu yenye madoa ya kuungua. Arepa ya Antioquia kwa asili haina chumvi hata chembe. Siagi na jibini nyeupe juu yake ndizo huleta ladha.

Wakati arepa zinaokwa, weka kikaango kipana motoni na upashe nusu ya hogao iliyobaki. Ongeza vikombe viwili vya maharage pamoja na mchuzi wake, uponde machache kwa mgongo wa mwiko, kisha tia vikombe vitatu vya wali na uchanganye. Kipande cha nyama kilichobaki jana, soseji za chorizo au ndizi mbivu za kukaanga vyote vina nafasi humo. Sasa jizuie kukoroga: acha chini pakauke na kushika ukoko kwa dakika tatu au nne, geuza, urudie tena, mpaka chakula chote kiwe kinatoa mvuke.

Mayai huja mwisho kwa kuwa hayasubiri. Huevos pericos ni mayai sita yaliyovurugwa ndani ya hogao iliyosalia kwa moto mdogo, yakatolewa yangali na majimaji kidogo. Perico ni kasuku mdogo, ingawa Bogotá, mji mkuu, neno hilohilo huagizia kahawa yenye maziwa kidogo, hivyo mgeni ataje mayai asije akaletewa kikombe.

Kinywaji ni chokoleti, na si ya unga. Chemsha vikombe vinne vya maziwa, au nusu maziwa na nusu maji, ukitia kidonge kimoja cha chokoleti ya kupikia kwa kila kikombe. Wakolombia hutumia birika refu lenye shingo nyembamba na mti uitwao molinillo, ambao hupekechwa kati ya viganja. Acha chokoleti ifure, iondoe motoni, pekecha, na urudie mpaka povu lisimame. Mwiko hauwezi kazi hii, ila kipigio cha mayai cha waya kinaweza.

Huko Bogotá, vipande vya jibini laini hutumbukizwa ndani ya kikombe chenyewe. Subiri dakika mbili vilainike, uvitoe kwa kijiko vikiwa vinavutika kama uzi, uvile na arepa, halafu ndipo unywe chokoleti iliyobaki, ambayo kwa wakati huo itakuwa imepata chumvichumvi ya jibini.