Kabla hujapiga pasi nywele zako

Osha kwanza. Usipitishe pasi juu ya vumbi na mafuta ya wiki nzima. Tia kondishena, suuza, fumua mafundo kwa chanuo la meno mapana ukianzia nchani. Kisha spreyi ya kukinga joto, na iwe imeandikwa hivyo kwenye chupa. Mafuta ya nazi hayashiki nafasi yake. Yale ya kukamua nyumbani huanza kutoa moshi kwenye nyuzi 175 hivi, na pasi nyingi zinapanda kupita hapo.

Halafu zikauke. Zikauke kabisa! Asubuhi ya sendofu ya mdogo wangu nilikuwa saluni, chini ya draya, umeme ukakatika. Uliporudi muda ulikuwa umekwisha. Msusi akazishika, akasema, "Dada, bado zina unyevu." Nikamwambia apige hivyo hivyo, na moto apandishe hadi 230. Pasi ilipogusa nywele za mbele zikalia chwaaa, kama kitunguu kinachotiwa kwenye mafuta ya moto, na mvuke ukafuka. Nikadhani ni spreyi inakauka. Kumbe ni maji yaliyokuwa ndani ya unywele: yakichemka ghafla hugeuka mvuke, mvuke ukakosa pa kutokea, ukautoboa unywele kutoka ndani.

Siku hiyo nilipendeza. Nilipokuja kuosha, nywele za nyuma zikajikunja kama kawaida yake, za mbele zikabaki zimelala kama ndevu za mahindi. Nikafanya stimingi, nikapaka mayai, nikapaka parachichi. Wapi! Unywele ukishatoka kichwani hauna uhai, hauponi kama kidonda. Zikaanza kukatikia mkononi, nikazikata, nikakaa na misuko hadi zilipoota upya.

Kwa hiyo ukisikia zinalia, acha papo hapo, rudi kwenye draya.

Pasi isiyoonyesha nyuzi usinunue. Nywele laini, zenye dawa au rangi, usizidishe 150. Kipilipili kizito anzia 170, na 180 inatosha. Gawa mafungu membamba, pitisha mara moja, usisimamishe pasi sehemu moja. Usirudie kesho yake. Usiku funga kitambaa cha satini. Unapopiga pasi, angalia usiunguze masikio na shingo. Ukimaliza chomoa waya, usiilaze pasi kitandani ikiwa bado ya moto, na watoto wasiifikie.