Namna ya Kukarabati Ukuta wa Duka la Kale Mji Mkongwe

Maduka ya kale ya Mji Mkongwe wa Zanzibar, ambayo mengi yana biashara chini na makazi juu, yalijengwa kwa mawe ya matumbawe na chokaa. Kwa kuwa mji huu umo katika Orodha ya Urithi wa Dunia tangu mwaka 2000, omba kwanza kibali cha mamlaka inayosimamia hifadhi yake.

Kabla ya kugusa lipu, tafuta maji yanakoingilia, paani au kwenye mabomba, kwani lipu mpya haidumu juu ya ukuta unaovujiwa. Kisha bandua yote iliyolegea, hasa ya saruji. Kwa maoni yangu, saruji ndiyo adui mkubwa wa majengo haya: huufungia unyevu ndani ya ukuta, chumvi ikajikusanya na kulimung'unya jiwe, na ncha za boriti za mikoko zilizopachikwa humo zikaoza. Tumia chokaa iliyolowekwa vya kutosha, iliyochanganywa na mchanga usio na chumvi. Lowesha ukuta, piga matabaka membamba, na kila moja uliache likauke polepole, likikingwa na jua kali. Milango ya mbao ya dukani itengenezwe, isibadilishwe kwa chuma.