SOMO: Kuzindukana ndani ya ndoto

Aliyezindukana ndotoni bado amelala fofofo, chandarua kimeshushwa, ila anajua: "Hii naota." Jambo hili limepimwa. Mwaka 1975 Keith Hearne, wa Chuo Kikuu cha Hull, Uingereza, aliagana na muotaji apeleke macho kushoto na kulia kwa mpango maalumu. Muotaji akafanya hivyo usingizini, mashine ikaandika. Yalitumika macho kwa sababu katika usingizi wa ndoto misuli ya mwili hufungwa, isipokuwa ya macho na ya kuvutia pumzi. Likumbuke hilo, litarudi kwenye jinamizi.

Wengi hukimbilia hatua ya usiku, wakatoka mikono mitupu. Ndoto hutegwa mchana kama dema. Usiku ni kwenda kuliopoa.

1. Daftari, wiki 2
Weka daftari na penseli chini ya mto. Penseli, kwa sababu kalamu ya wino hugoma ukiandika umelala chali. Simu iwe mbali. Ukishaigusa utaona ujumbe, na ndoto imekwenda. Ukiamka usijigeuze. Baki ubavu ule ule, macho yamefumba, ujiulize: nilikuwa wapi, na nani? Shika kipande cha mwisho, rudi nyuma, ndipo uandike, hata kama ni maneno matatu tu: "ngalawa, Mkoani, mvua". Siku usiyokumbuka kitu andika "hapana". Ukifikia kukumbuka ndoto 1 kila siku, endelea.

2. Kujipima, mara 10 kwa siku
Kipimo chetu bora ni kanga. Soma jina la kanga iliyo mbele yako, tazama pembeni, soma tena. Ukiwa macho, "Hasidi hana sababu" itabaki vile vile. Ndotoni maandishi hayatulii: mara ya pili utakuta "Hasidi hana sahani", au herufi zimekuwa siafu. Wanaume wanaoona haya kukodolea kanga za watu (na wana haki) watumie namba ya daladala: 502 ya Bububu ikigeuka 250, unaota.

Kipimo cha pili: bana pua, funga mdomo, vuta pumzi. Ikipita, umo ndotoni. Wengine hufundisha kubonyeza swichi, kwamba taa isipowaka ni ndoto. Kwa Unguja iliyokaa gizani kuanzia Disemba 2009 mpaka Machi 2010, kipimo hicho hakina maana.

Kinachoharibu hapa ni kupima kwa mazoea, akili iko kwingine. Utakuja kufanya hivyo hivyo ndotoni: utabana pua, pumzi itapita, nawe utaendelea na safari yako bila kushtuka. Kila unapopima, jiulize kwa dhati umefikaje hapo ulipo.

3. Alama
Pitia daftari, pigia mstari kinachojirudia: skuli ya zamani, marehemu, jahazi lililo nchi kavu. Chagua kimoja. Basi.

4. Saa 9 usiku
Lala saa 4, tega kengele saa 9. Ukiamka, tawadha uswali au washa taa ndogo usome daftari, ilimradi uwe macho dakika 20 hadi 30. Usingizi huenda kwa mizunguko ya takriban dakika 90. Ile ya mwanzo ina usingizi mzito zaidi, na ndoto ndefu huja karibu na alfajiri. Toka saa 9 na nusu mpaka adhana una mzunguko mmoja hivi.

Rudi ulale kwa ubavu. Nuia: "Nikiota tena, nitajua kuwa naota." Papo hapo ijengee picha ndoto uliyoiandika, jione umefika kwenye alama yako na umeitambua. Njia hii ya kunuia ni ya Stephen LaBerge, aliyefanya utafiti wake Stanford, Marekani. Mwenye kuchukuliwa na usingizi haraka baada ya kunuia ndiye mwenye nafasi kubwa. Ukikodoa macho mpaka adhana, ulikaa macho mno: punguza hadi dakika 10. Ukizama kabla ya kunuia, ongeza.

Usizidishe usiku 2 kwa wiki. Mwenye kuendesha gari au bodaboda asubuhi achague usiku wa mapumziko. Anayetibiwa maradhi ya akili asianze bila ya kumuuliza daktari wake.

5. Ukishazindukana
Furaha ndiyo inayoamsha. Usikimbilie kuruka angani. Sugua viganja, gusa ukuta, usikie chokaa inavyokwaruza. Picha ikififia, sugua tena. Mara za mwanzo utapata sekunde chache tu.

MASUALA

Wa Wete: Maalim, nikilala tena baada ya saa 9 nnakabwa na jinamizi, hata kidole hakinyanyuki.
Jibu: Ni ule mfungo wa misuli: akili imeamka, mwili bado. Huwapata zaidi wanaolala chali na waliokosa usingizi. Usipigane nao. Pumua polepole, chezesha macho, kisha ncha ya kidole cha mguu, utapita wenyewe. Kivuli unachokiona chumbani ni ndoto iliyomwagikia nje. Waliokuwepo 1995 wanakumbuka hofu ya Popobawa, zimwi lililosemekana kuwavamia watu usingizini, ilivyowatoa watu wakalala nje makundi makundi. Mwenye hofu hiyo asijaribu akiwa peke yake. Likirudi mara kwa mara, acha kengele kwa wiki 2.

Mama wa Jang'ombe: Daku linaweza kuwa badala ya kengele?
Jibu: Wakati unafaa, tumbo ndilo tatizo. Kula kidogo, swali alfajiri, ulale baada yake na kanga usoni kuzuia mwanga.

Kijana wa Mkunazini: Wiki ya 4 hii, daftari tupu.
Jibu: Kahawa ya barazani unakunywa saa ngapi? Ya baada ya isha bado imo mwilini usiku wa manane. Na bangi hupunguza usingizi wa ndoto, hakuna aliyekutaja.

Bi wa Makunduchi: Asumini kitandani inasaidia?
Jibu: Kuzindukana, hapana. Kupendezesha ndoto, huenda. Watafiti wa Ujerumani waliwapulizia waliolala harufu ya waridi, ndoto zikawa na hisia njema. Walipopuliza ya yai viza, zikachafuka.

Wa Chake: Nikizindukana, naweza kumuuliza marehemu baba mpaka wa shamba la mikarafuu?
Jibu: Muulize, atakujibu, tena kwa sauti yake. Lakini anayejibu ni kumbukumbu zako mwenyewe, na ndoto uliyoiongoza usiichanganye na istikhara. Kama ulikuwa mdogo alipokuonyesha mti wa mpakani, huenda ukauona tena. Asubuhi nenda na mzee wa jirani mkautazame kama bado upo.