Kijiji kinasema miaka 5, leseni inasema 7: jinsi ya kupeleka ombi lako bila kuzungushwa

Mwenyekiti wa kijiji akifika machimboni na mgambo wawili kukwambia muda wako umekwisha, na leseni yako inaonyesha bado miaka 2, usibishane naye mbele ya vibarua. Inawezekana kabisa nyote wawili mnasema kweli. Huku kwetu Mtwara na Lindi wengi tunaochimba mawe na kokoto tuna karatasi mbili, na kila karatasi ina saa yake.

Ya kwanza ni leseni ya uchimbaji mdogo, yaani PML. Inatolewa kwa miaka 7 na inaweza kuhuishwa. Miaka hiyo huhesabiwa tangu leseni ilipotolewa, si tangu tipa la kwanza lilipopakia. Ya pili ni makubaliano ya ardhi na kijiji, maana leseni inakupa madini, haikupi shamba la mtu. Hapo ndipo kasheshe inapoanzia. Kwa Sheria ya Ardhi ya Vijiji ya mwaka 1999, halmashauri ya kijiji peke yake inaweza kukupangisha eneo lisilozidi hekta 5, kwa muda usiozidi miaka 5. Ukitaka zaidi ya hapo, hadi miaka 10, lazima Mkutano Mkuu wa Kijiji uridhie. PML ya vifaa vya ujenzi nayo mwisho wake ni hekta 5, kwa hiyo kwenye ukubwa wa eneo hakuna anayeshtuka. Miaka ndiyo inayogongana.

Kabla ya yote kusanya karatasi: leseni, mkataba wa kijiji, muhtasari wa kikao kilichokupa eneo, risiti za ada ya mwaka na za mrabaha (tozo unayolipa Serikali kwa madini unayochimba). Toa nakala. Hili halihitaji maelezo.

Kazi yenyewe ni kujua uende mlango upi, na hapa ndipo nilipopotezewa muda na nauli. Ofisi moja ilipokea jalada langu, ikanipangia tarehe, ikaahirisha, ikaahirisha tena, halafu ndipo karani akaniambia kwa upole kabisa kwamba shauri hili "si la hapa". Jalada alikuwa nalo mezani muda wote huo.

Kwa hiyo jiulize ugomvi ni wa nini na ni wa nani. Kama ni mipaka ya leseni, jambo lililofanyika wakati wa uchimbaji, au fidia, nenda kwa Afisa Madini Mkazi, ambaye ni afisa wa Tume ya Madini mkoani. Sheria ya Madini, Sura ya 123, inaipa Tume hiyo uwezo wa kuamua migogoro ya aina hiyo, na asiyeridhika ana siku 30 za kukata rufaa Mahakama Kuu. Kama ni mwanakijiji anayedai eneo ni la babu yake na wewe muda wako umepita, hiyo ni ardhi: anzia Baraza la Kata. Tangu marekebisho ya mwaka 2021 baraza hilo linasuluhisha tu, haliamui. Usuluhishi ukishindikana dai cheti chao, maana bila hicho Baraza la Ardhi na Nyumba la Wilaya halikusikilizi, isipokuwa siku 30 zikipita tangu shauri lifunguliwe kwenye kata bila kusuluhishwa. Unayemdai akiwa ni halmashauri ya kijiji yenyewe, mambo yanabadilika. Tangu mwaka 2020 serikali za mitaa nazo zimo kwenye utaratibu wa kuishtaki Serikali: notisi ya siku 90, nakala kwa Mwanasheria Mkuu na Wakili Mkuu wa Serikali, kisha Mahakama Kuu.  Hapo tafuta wakili.

Na siku 90 hizo zikiendelea, leseni haisimami kukusubiri. Inaisha kama kawaida, na ada ya mwaka inadaiwa kama kawaida. Kama umebakiza muda mfupi, anza kuhuisha mapema huku mgogoro ukiendelea. Maombi ni kwenye mfumo wa leseni wa mtandaoni, malipo kwa kontroli namba, na mfumo una tabia ya kulala siku ambayo wewe umefunga safari.

Ndiyo maana ushauri wangu ni kujaribu kwanza njia ya bei rahisi: kuomba Mkutano Mkuu wa Kijiji ukuongezee muda. Andika barua kwa mwenyekiti kupitia kwa mtendaji, kichwa kiwe wazi: YAH: OMBI LA KUONGEZEWA MUDA WA KUTUMIA ENEO LA MACHIMBO HADI MWISHO WA LESENI. Taja tarehe hiyo ya mwisho. Kisha hakikisha ombi lako lina namba yake kwenye ajenda. Likitupwa kwenye "mengineyo" litajadiliwa watu wakiwa wameshasimama, na kwenye muhtasari utakuta sentensi moja: "Mkutano ulipokea ombi la mwekezaji." Kupokea si kuridhia. Tena kataa maneno kama "kwa muda utakaokubalika", ndiyo yaliyotufikisha hapa. Muhtasari uandike ukubwa wa eneo, tarehe ya kuanza, tarehe ya kumalizika, na uambatane na mahudhurio yenye sahihi.

Angalia pia msimu. Kuanzia Oktoba minada ya korosho ikishachangamka, kupata akidi ya mkutano ni kazi. Watu wako AMCOS, chama chao cha ushirika wa mazao, wanafuatilia malipo yao, na mtendaji ukimpigia yuko ghalani.

Muhtasari ukishasainiwa, peleka nakala kwa Afisa Madini Mkazi na nyingine halmashauri ya wilaya. Nakala yako igongwe mhuri wa kupokelewa wenye tarehe. Ukiambiwa aliyeondoka na mhuri atarudi baada ya chakula, kaa hapo hapo kwenye benchi.