Somo: Kuunda chombo cha kupita kwenye msukosuko wa muda

Habari za jioni, wakuu. Wengi mmeniuliza Mgebuka, chombo cha kwenye hadithi yangu, nilikiundaje. Chombo ni cha kubuni, lakini karibu kila kilichomo nimekiokota hapahapa Kigoma.

Hatua ya 1: Anza na msukosuko, siyo chombo

Wengi huanza na injini na taa. Lakini fundi huuliza kwanza chombo kitapita maji gani. Msukosuko wangu niliutoa ziwani. Tanganyika ina kina cha mita 1,470 hivi, na maji yake ni tabaka mbili zisizochanganyika vizuri: ya juu yana joto na hewa, ya chini ni baridi na hayana oksijeni, samaki hawaishi humo. Kusi ikivuma, kati ya Mei na Septemba, husukuma maji ya juu kwenda kaskazini, na mpaka wa tabaka hizo unalala upande. Upepo ukikoma, mpaka unaanza kuyumba, unapanda na kushuka kwa wiki kadhaa, na huko juu ziwa ni shwari kabisa! Siku nilipolielewa hilo sikulala.

Basi muda wa Mgebuka nao una tabaka mbili: juu unatembea, chini umesimama. Msukosuko ni pale mpaka unapoyumba.

Hatua ya 2: Umbo

Hatari haionekani usoni, kwa hiyo macho hayamsaidii nahodha. Nilikipa chombo mkuku, yaani uti wa chini, mrefu unaogusa tabaka la chini, na mataruma (mbavu za chombo) ya mninga yanayolia kila mpaka wa tabaka unaposogea. Nahodha husikiliza mbao.

Hatua ya 3: Saa

Hapa usibahatishe. Mwaka 1915 Einstein alikamilisha nadharia inayoonyesha kwamba palipoinuka muda huenda kasi kidogo kuliko palipo chini. Kigoma mjini, ufukweni, ni kama mita 770 juu ya usawa wa bahari. Ukipiga hesabu, saa ya hapa huitangulia ya ufukweni Dar es Salaam kwa takriban maikrosekunde 2.7 kila mwaka, yaani chini ya sehemu tatu za milioni ya sekunde. Ni kidogo mno, lakini ni kweli, na msomaji akishaliamini hilo atakufuata mbali.

Mgebuka ina saa tatu: moja imebaki gatini, moja kwa nahodha, moja imefungwa kwenye mkuku. Zikianza kupishana, huna haja ya kueleza zaidi.

Hatua ya 4: Gharama

Mwaka huohuo wa 1915, hapa Kigoma, Wajerumani walishusha majini Graf von Götzen, meli iliyoletwa vipandevipande kutoka Papenburg. Mwaka 1916 wakaizamisha wenyewe, injini zikiwa zimepakwa grisi nzito. Waingereza wakaiibua mwaka 1924, na mwaka 1927 ikarudi kazini kwa jina la Liemba. Ilishuka chini ikiwa ya Mjerumani, ilipoibuka nchi ina mtawala mwingine. Ndivyo ilivyo kwa Mgebuka: kila ikigusa tabaka la chini, abiria hurudi na kukuta watoto wao wamewapita umri. Safari ya muda isiyomnyima mtu kitu, mimi siiamini.

Hatua ya 5: Mpelekee fundi

Nilimsomea fundi wa mitumbwi pale Kibirizi. Akasikiliza hadi mwisho, kisha akauliza: "Nani anafua maji?" Kila chombo huvuja, lazima mtu ayateke maji na kuyamwaga nje. Nikarudi nyumbani nikaongeza kijana mwenye kata, kazi yake kufua muda unaoingia chomboni.

Maswali ya wanachama

*Shikamoo mwalimu. Mgebuka inaweza kurudi kabla babu hajakutana na bibi?*

Marahaba. Hapana. Haiwezi kufika siku iliyo kabla ya kushushwa kwake majini. Weka sheria moja ya namna hiyo na usiivunje, hata hadithi ikikubana.

*Mkuu, mimi niko Tabora, ziwa sina.*

Una reli! Tabora ndipo njia ya Kigoma na ya Mwanza zinapoachana. Halafu angalia jua: kwenu linafika utosini kama dakika 13 kabla ya kwetu, ilhali saa za stesheni zote zinasoma sawa. Hapa kwetu utosi wa jua ni karibu saa 7 mchana. Behewa lako lifuate jua, liache saa ya ukutani.

*Na anayevuka ziwa?*

Akishuka Kalemie anarudisha saa nyuma kwa saa moja, kwa sababu Kongo ya mashariki iko nyuma yetu. Wavuvi wamezoea. Nimeitumia sura ya pili.

*Kaka, yule kijana anaumwaga wapi huo muda?*

Nyuma, upande wa tezi. Ndiyo maana dagaa wanaoifuata Mgebuka hawakui.