Chura wa bustanini si wa kupigwa jembe

Mkulima wa mboga anapofunua matandazo asubuhi akakutana na chura mnene, mwenye ngozi kavu iliyojaa vinundu, mara nyingi huinua jembe kabla hata ya kumtazama. Huyo ndiye yule anayekoroma usiku wa masika kando ya madimbwi, na mchana hujificha chini ya gogo au kigae. Giza likiingia hutoka akatulia kwenye tuta. Mdudu akitikisika tu, ulimi hufyatuka ukamnasa, kisha chura humeza huku macho yake yakizama kichwani, kwa kuwa macho hayohayo ndiyo yanayosukuma mlo kooni. Sota, mbawakawa, mchwa na koa wote huliwa. Nyuki pia, kwa bahati mbaya, hivyo mzinga usiwekwe chini.

Chura hanywi kwa mdomo, bali hufyonza maji kwa ngozi ya tumbo, na kwa sababu hiyo kiuatilifu kilicholowesha udongo humwingia moja kwa moja. Nyunyizia pale tu ulipowaona wadudu waharibifu, wala usioshee bomba karibu na dimbwi, kwani humo ndimo anamotaga mayai yake, yaliyojipanga kama shanga nyeusi katika nyuzi ndefu za utelezi.

Vinundu vyake haviambukizi chunjua. Sumu anayo, katika tezi mbili zilizo nyuma ya macho. Mbwa aliyemng'ata akitokwa na povu, asuuzwe kinywa kwa maji na apelekwe kwa daktari wa mifugo.

Usimchanganye na yule mdogo wa mviringo, mwenye uso uliobonyea, anayejichimbia ardhini kinyumenyume na kuibuka na mvua za kwanza kuwala kumbikumbi. Huyu hahitaji dimbwi, maana hutaga shimoni na watoto wake hutoka wakiwa vyura kamili. (Chura wa Kihansi, anayezaa badala ya kutaga, ni habari ya maporomoko ya Mto Kihansi, Tanzania, si ya bustani.)

Usisafirishe vyura kutoka mbali. Mwaka 1935 Australia iliingiza Queensland chura wa Amerika ili awale mbawakawa wa miwa; mbawakawa walikaa juu ya miwa asikofika, naye akazaliana hadi kuwa balaa. Wa kwako mvute kwa chungu kilichovunjika, kilichopinduliwa kivulini mdomo ukiwa wazi upande mmoja, pamoja na sahani ya maji yasiyozidi kina cha kidole.